Mstari wa Serikali Haupindi

Ifahamike kwa raia wote, lilisema tangazo la mwaka 1948, kwamba Serikali Tukufu itajenga Barabara Kuu ya Pwani, itakayounganisha majimbo yote, iliyonyooka kuliko zote duniani. Kwenye ramani ilikuwa imekwisha: Bwana Mkubwa, Mwingereza, aliichora mwenyewe kwa rula, akanywa chai.

Mstari ule ulipita mtaa wa Kibokoni, chumbani kwa Bi Mwanakuu, mjane aliyesomesha watoto Kurani. Karani Faraj, aliyeamini kwamba serikali ikikosea basi ni dunia iliyokosea, akatumwa kupaka alama nyekundu ya kubomolewa. Ilimuuma sana, kwani alifu-bee yake aliisomea chumbani humo humo. Hata hivyo aliipaka kwa unadhifu.

"Shikamoo, Bi Mwanakuu. Una siku saba."

"Marahaba, mwanangu. Ndia yenu haiwezi kupinda kidogo?"

"Mstari wa serikali haupindi. Husogezwa tu, mzima mzima, ikipatikana sababu ya kisheria."

"Sababu kama ipi?"

Faraj akafungua kitabu cha kanuni. Kuulizwa kanuni kulimfurahisha kuliko kupewa haluwa. "Wakfu, kwa mfano. Mali ya Mungu haivunjwi."

"Basi kunywa kahawa yako, baba," alisema Bi Mwanakuu, akalichukua buibui lake.

Kufikia adhuhuri nyumba ilikuwa wakfu, mbele ya kadhi na mashahidi. Faraj akausogeza mstari. Ukaangukia kwa Sheikhan, mshona kofia. Naye akaitoa yake wakfu. Ukasogea tena. Ndani ya wiki mbili Kibokoni nzima, kisha mtaa wa Kuze, zikawa za Mwenyezi Mungu, pamoja na banda la mbuzi wa jirani mmoja, Tumu. Kadhi alipata kikohozi kwa kusoma hati. Kila jioni Faraj aliripoti kwamba mradi unasonga, na hakusema uongo.

Siku ya kumi na tano mstari ulipata ardhi isiyo na wakfu hata shubiri moja. Faraj akavaa koti, akabeba ndoo ya rangi, akaingia jumba la Bwana Mkubwa huko ufuoni, akapaka alama ukutani mwa chumba cha kulia.

Bwana Mkubwa alidondosha kijiko. "Wazimu huu! Andika kwamba na hii ni wakfu! Andika sasa hivi!"

Faraj alipekua kitabu, akakipekua tena, akasikitika kwa dhati.

"Haiwezekani, Bwana Mkubwa. Wakfu hutolewa na mwenye mali. Wewe hapa ni mgeni."

Akaomba radhi, akachovya burashi, akahamia ukuta wa pili.