Nilivyofunga Nyimbo za Kwaya Nikafungulia Simu Yangu

Leo nimevuliwa nguo mbele ya kwaya nzima, na suti nilikuwa nimeivaa.

Nawaandikia nikiwa chumbani kwetu Mshangano, hapa Songea. Mlango nimeufunga kwa komeo. Mama yangu yupo sebuleni anacheka peke yake. Kila akinyamaza nadhani amemaliza. Hajamaliza.

Ngoja nianze mwanzo.

Kwaya anayoimba mama ina tatizo moja: inaimba vizuri mno. Albamu yao iliyopita ilitoka, na kabla hawajamaliza kuitangaza kanisani, kila kibanda cha kuingiza nyimbo kwenye memori kadi hapa mjini kilikuwa nayo. Bajaji zikaipiga. Saluni zikaipiga. Harusi za watu wasiowajua zikaipiga. Wenyewe wakabaki na maboksi ya DVD chini ya vitanda. Ndipo Mwalimu Kasian, mwalimu wao wa kwaya, akaapa kwamba albamu mpya ya video haitaibwa na mtu.

"Nina kijana amesomea kompyuta," mama akamwambia. "Yupo tu nyumbani."

(Yupo tu nyumbani. Asante, mama.)

Hivyo ndivyo nilivyopata kazi yangu ya kwanza tangu nihitimu chuo. Nikawatafutia programu ya kulinda kazi za wasanii. Inafanya hivi: unaifunga video, kisha unampa ruhusa mtu mmoja mmoja kupitia akaunti ya barua pepe iliyopo kwenye simu yake. Mwenye ruhusa anatazama. Asiye nayo haoni kitu. Huwezi kuinakili, huwezi kumrushia mwenzako, na ukijaribu kurekodi kilichopo kwenye kioo cha simu unapata giza tupu. Mwalimu Kasian aliniambia waziwazi: uzinduzi ukienda vizuri, kwaya nyingine zote za parokia zitanipa mimi kazi. Ukiharibika, nirudi kuwa nipo tu nyumbani.

Sasa, mimi ni mtu wa hofu. Wiki hii niliogopa umeme kukatika, nikaazima jenereta. Nikaogopa jenereta kuwaka moto, nikaazima ndoo ya mchanga. Nikaogopa programu itameza nyimbo, nikaweka nakala pembeni. Nikaogopa nakala itaibwa, nikaifunga na yenyewe. Niliogopa kila kitu isipokuwa kile kilichonipata.

Asubuhi baada ya misa wanakwaya walipanga foleni kwenye ukumbi wa parokia, kule Msamala, niwawekee programu kwenye simu zao kabla mgeni rasmi hajafika. Wa kwanza alikuwa Mama Winfrida, mwimbaji wa alto.

"Shikamoo, mama. Naomba barua pepe yako."

"Marahaba, mwanangu. Ndiyo nini hiyo?"

"Imeli. Ile iliyo kwenye simu."

"Aa, hiyo aliniwekea kijana wa dukani siku nanunua simu."

"Na neno la siri?"

"Analo yeye."

"Yupo wapi sasa?"

"Alihamia Tunduru."

Wa pili aliwekewa na mkwewe, na sasa hivi hawasalimiani. Wa tatu hakuwahi kuwa nayo. Wa nne alinitajia sanduku la posta la parokia, tena kwa kujiamini, na namba yake akaikumbuka.

Foleni haipungui. Nyuma yangu akaja kusimama Mama Editha, mwenyekiti wa kwaya, mama ambaye hata mbwa wa parokia akimwona anakaa sawasawa.

"Injinia, kuna tatizo?"

"Hakuna tatizo, mama."

(Lilikuwepo.)

Basi nikafanya uamuzi. Nikaingiza akaunti yangu mwenyewe kwenye simu ya Mama Winfrida. Video ikafunguka! Nikaiingiza kwenye simu ya pili. Ikafunguka. Nikaingiza kwenye simu zote, na kwenye kompyuta ya Mwalimu Kasian iliyokuwa irushe video ukutani kwa projekta. Kwa muda tu, nikajiambia. Kesho nitawafungulia kila mmoja akaunti yake. Mama mmoja akajaribu kumtumia dada yake wa Mbinga wimbo, simu ikamkatalia, akaja kunigombeza. Sijawahi kufurahia kugombezwa kama leo. Nikakaa chini, nikanywa soda. Moyo ukatulia.

(Mtu mwenye akili angeogopa hapo.)

Ilipofika kama saa saba Mama Editha alikuwa nyuma ya ukumbi, anasimamia pilau ya mgeni na kuku waliochinjwa na jirani Mwislamu, maana mgeni wetu ni Alhaji. Akampigia Mama Winfrida, aliyekuwa anapanga viti karibu yangu. Mama Winfrida akaitazama simu kwa mbali, akaisogeza karibu, akashindwa kusoma.

"Mwanangu, miwani nimeiacha kwenye mkoba. Hebu nisomee, nani huyu? Naona maneno mengi."

Nikasoma. Kimoyomoyo.

MWENYEKITI VUTA PUMZI KWANZA.

Hapa lazima mnielewe. Mimi huogopa kupokea simu. Kwa hiyo kila namba, hata hizi za kwaya nilizopewa kwa ajili ya kazi, naihifadhi pamoja na onyo, ili nijiandae. Si matusi! Ni maandalizi. Mama Winfrida mwenyewe nimemwandika "Mama Winfrida Weka Simu Mbali Na Sikio". Mwalimu Kasian ni "Mwalimu Kasian Seminari Tena", kwa sababu kila akipiga lazima tuanzie enzi alipokuwa seminari. Na majina yote hayo hayakai kwenye laini yangu. Yanakaa kwenye akaunti yangu. Ile akaunti niliyoiingiza asubuhi kwenye simu ya kila mwanakwaya. Majina yalikuwa yameifuata, yakayafunika ya kwao.

"Ni nani?"

"Ni mwenyekiti, mama."

"Mbona maneno mengi hivyo?"

"Ni... cheo chake chote."

"Ohoo." Akapokea.

Jasho likanitoka mpaka kwenye soksi, na mnaijua baridi ya Songea. Nikaanza kupiga hesabu. Nibadilishe jina moja moja? Mtandao ukumbini unakuja na kuondoka kama mgeni asiye na adabu. Niwakusanye wanakwaya niwaambie ukweli? (Nilicheka peke yangu.) Nipande basi la Tunduru, nimtafute yule kijana wa dukani, tuishi naye? Mwisho nikakumbuka kwamba kwenye akaunti kuna kitufe kimeandikwa "Ondoa vifaa vyote". Ukikibonyeza, simu zote zinatolewa kwenye akaunti yako. Majina yanaondoka. Na video kwenye simu zitajifunga, lakini hizo ningezirudisha kesho.

Kidole nikakiweka juu ya kitufe. Nikaogopa. Nikakiondoa. Nikakirudisha. Nilikuwa katika hali hiyo gari la mgeni rasmi likaingia.

Alhaji ni mfanyabiashara wa korosho, mtu wa Tunduru, na aliwahi kufundisha shule moja na Mwalimu Kasian. Namba yake nilipewa ili nimwelekeze njia ya ukumbini. Nami nilikuwa nimewasikia akina mama wakinong'ona kwamba aliwahi kuwaahidi sare, sare hazikuonekana. Nikamhifadhi hivi: "Mgeni Rasmi Anaahidi Tu".

(Si mimi niliyesema! Mimi niliandika tu.)

Uzinduzi ukaanza. Sala ikapita. Video ikawaka ukutani, kina mama wamependeza, Mwalimu Kasian anapunga mikono kama anafukuza nyuki, ukumbi mzima vigelegele. Wimbo ulipokwisha, wakaiacha picha iendelee bila sauti, Alhaji akasimama kuongea. Akasifia. Akashukuru. Halafu akasema:

"Mimi kwa kwaya hii naahidi spika mbili kubwa."

Makofi! Mama Editha akachukua kipaza sauti.

"Alhaji, tunashukuru sana. Sasa, tukufuatilie kwa namba gani?"

Watu wakacheka. Alhaji naye akacheka, akatoa simu mfukoni.

"Taja yako, mama. Nikubipu hapahapa, mbele ya mashahidi. Mtu asije akasema nimekimbia."

Mama Editha akaanza kuitaja namba yake kwenye kipaza sauti, tarakimu moja moja, taratibu, kama anatangaza ndoa. Nikajua kitakachotokea kwenye kioo cha simu yake. Nikafumba macho. Nikabonyeza "Ondoa vifaa vyote".

Ukuta ukawa mweusi.

Nilikuwa nimekumbuka simu zote za kina mama. Kompyuta ya Mwalimu Kasian nilikuwa nimeisahau. Halafu juu ya ule weusi yakatokea maandishi meupe, makubwa kama mlango wa kanisa: OSMUND AMEONDOA RUHUSA YAKO YA KUTAZAMA KAZI HII.

(Osmund ni mimi.)

Na majina kwenye simu? Hayakuwa na haraka. Yalikuwa yanaondoka kwa muda wao. Simu ya Mama Editha ikaita, naye, kipaza sauti bado kipo mdomoni, akasoma kwa furaha:

"Imeingia, Alhaji! Inasema, Mgeni Rasmi Anaahidi..."

Akashusha simu.

"Anaahidi nini?" Alhaji akauliza. "Malizia, mama."

Mama Editha akamwangalia Mwalimu Kasian. Mwalimu Kasian akaangalia dari.

"Tu," akasema Mama Editha.

Kule jikoni nikasikia sufuria ikifunikwa. Hapo Mama Winfrida, ambaye sasa alikuwa amevaa miwani na anaipekua simu yake, akapaza ile sauti yake ya alto:

"Jamani! Mbona kwangu mwenyekiti ameandikwa vuta pumzi kwanza?"

"Nani kaandikwa hivyo?"

"Hebu nibipu mimi, tuone!"

Wakaanza kubipiana. Kwaya nzima! Huyu anambipu yule, yule anamwinamia mwenzake asome, simu zinalia kila kona. "Mimi naitwa nani? Nibipu mimi!" "Umeandikwa Soprano Ya Kulia Lia!" "Nani analialia?" Majina yalikuwa yanafutika, simu moja baada ya nyingine, lakini hakuna mtandao unaoshinda kasi ya mwanakwaya anayetafuta jina lake.

Alhaji akanyoosha kidole ukutani. "Huyu Osmund ni nani?"

Vidole vyote vikanigeukia. Na kutoka safu ya soprano nikaisikia sauti ya mama, ya upole, ya mtu aliyekubali mzigo wake:

"Ni wangu."

Nikaenda mbele.

"Kijana, ni wewe umezima?"

"Ndiyo, Alhaji."

"Kwa nini?"

"Niliogopa."

"Uliogopa nini?"

"Kwamba ukibipu, jina lako litasomwa."

Akaugeukia ule ukuta mweusi. Nikaiona kazi yangu ya kwanza inatoka mlangoni, na koti lake mkononi. Kisha akasema, "Kwanza rudisha wimbo. Mengine baadaye."

Nikainama kwenye kompyuta. Nikaandika neno la siri kwa haraka. Ukuta ukatangaza: NENO LA SIRI SI SAHIHI. Nikarudia. NENO LA SIRI SI SAHIHI. Mara ya tatu ukumbi ulikuwa unalisoma kwa pamoja, na naapa kuna mtu kwenye besi aliyeitikia. Mara ya nne ikakubali. Kina mama wakarudi ukutani, wanaimba.

"Lakini umeona, Alhaji," Mwalimu Kasian akanong'ona, akisahau kwamba kipaza sauti kipo karibu. "Inalinda kweli. Hata mwenyewe imemkatalia."

Hapo Alhaji akacheka. Alianzia tumboni, akashika meza. Alipomaliza kufuta macho akachukua kipaza sauti.

"Sare nilizituma, zikaishia kwa mtu wa katikati, nami sikufuatilia. Kwa hiyo jina ni halali yangu. Osmund, usilifute. Spika zikiingia kwenye ukumbi huu, utalibadilisha mbele yangu, nikiona. Zisipoingia, liache lilivyo."

Makofi yaliyopigwa hapo yalizidi ya ahadi yenyewe.

Nikadhani nimepona. Nikageuka niende zangu. Mama Editha akanishika bega la suti.

"Kazi utaendelea nayo," akasema. "Kesho unakuja hapa, unakaa na kila mama mpaka awe na imeli yake na neno la siri lake, na alikariri kichwani. Huondoki mpaka wa mwisho ajue."

"Ndiyo, mama. Asante, mama."

"Ila kwanza toa simu yako. Simama pale mbele. Utusomee majina yetu yote, wenyewe tusikie."

Jamani, nilisoma. Kwenye kipaza sauti. Mbele ya paroko. Nilipofika kwa Mwalimu Kasian hakukasirika hata kidogo, akaanza kutueleza ilivyokuwa kule seminari, ikabidi akina mama wamkalishe. Nilipofika "Mama Usimwambie Hujala", ukumbi wote ukamgeukia mama yangu. Akasimama, akaenda jikoni bila neno, akarudi na sahani ya pilau imejaa mlima, akaniwekea mezani pale mbele, mbele ya Alhaji, mbele ya kila mtu.

"Kula," akasema.

Nikala nimesimama. Wanaangalia.

Nimejifunza kwamba programu ya kuzuia kazi ya msanii isivuje ipo, na inafanya kazi vizuri sana. Ya kuzuia mtu mwoga asibonyeze kitufe bado haijatengenezwa.

Naomba asicheke mtu. Hasa ninyi ambao namba zenu ninazo.