Filamu Yangu ya Kurudi Nyumbani

Jumatatu, 3 Juni

Nimeamua. Natengeneza filamu! Mama watoto amesema binti yetu wa miaka minne amenisahau. Akiulizwa baba yuko wapi, anaonyesha simu. Imeniuma. Basi ataniona nikirudi. Baba anatokea mbali na begi, anafungua mlango, mke anampokea. Mwisho. Mtunzi mimi, mwongozaji mimi, nyota mimi. Kamera ni simu yangu, pamoja na ufa wake.

Jumanne, 4 Juni

Mpiga picha ni fundi bomba, tunayelala naye chumba kimoja. Mjuaji! Mke ni mpishi wetu wa hapa saiti. Amekubali, ila kukumbatiana hakuna, atapokea begi tu. Tumepiga picha wakati wa mapumziko ya mchana, kwenye nyumba tunayojenga. Nimetembea vizuri, nimefika mlangoni, kipenga kikalia. Kazini! Kuingia ndani, kesho.

Jumatano, 5 Juni

Balaa. Mlango haupo! Ramani imebadilika, msimamizi akaagiza uzibwe. Aliyeuziba nani? Mimi. Asubuhi nzima napanga tofali huku napiga mluzi, mpaka fundi bomba akauliza, sasa bwana mwongozaji, kwako utaingilia wapi? Nikamjibu dirishani, ndiyo staili yangu. Begi likanasa. Mpishi akacheka mpaka akakalia mfuko wa saruji. Msimamizi akatokea na kofia yake ngumu, akafoka, shuka mwizi wewe! Yote yamo kwenye filamu. Kukata sijui. Nimeituma hivyo hivyo.

Ijumaa, 7 Juni

Mama watoto amepiga. Binti ameitazama mara sita! Nikauliza, amenitambua? Kumbe mimi ananiita mwizi. Yule mwenye kofia anayemfukuza mwizi, huyo ndiye anayemwita baba.

Nimejifungia chooni nusu saa. Nimewaambia ni tumbo.

Jumamosi, 8 Juni

Fundi bomba, mdomo hauna breki, amemwonyesha msimamizi filamu. Nikajua nimekwisha. Msimamizi ametazama mpaka mwisho, akavua kofia. Akauliza lini nilienda kwetu mara ya mwisho. Miaka mitatu, mzee. Akasema nichukue likizo ya mwezi. Lori la saruji linarudi kesho asubuhi, litanishusha stesheni. Nimefunga begi.

Jumapili, 9 Juni

Lori limeondoka. Nimemwambia msimamizi, asante sana mzee, lakini nitaendaje kwangu mtoto ananijua kama mwizi? Kwanza sehemu ya pili, nimsafishie baba jina. Ameniuliza kama tofali limeniangukia. Likizo amempa fundi bomba. Mpishi amejitoa, amesema angekuwa mke wangu kweli, angenipandisha lile lori kwa mwiko. Hajui sanaa huyo.

Nimesimama getini mpaka vumbi likatulia. Lakini jina la sehemu ya pili nimeshalipata, zuri sana: Baba Amefika.