Biti Yenye Uzi Mwekundu

Mafuta alimwona fundi bomba kabla fundi bomba hajamwona yeye, na hapo ndipo shughuli nyingi za Mafuta huanzia. Fundi alikuwa ameketi barazani kwake, drili ya nyundo ameibana katikati ya magoti, koleo mikononi, anaivuta biti, kile chuma cha kutobolea, kama mtu anayemng'oa ng'ombe jino. Shingo imemvimba, mshipa wa paji la uso umesimama. Biti haitoki ng'o.

Jina alilopewa alipozaliwa alilijua mama yake tu. Watu walimwita Mafuta kwa kuwa ulimi wake haukuwahi kukwama popote, tena mfuko wa shati lake haukukosa kikopo cha mafuta ya cherehani. Begani alikuwa na gunia tupu, na mkononi sanduku jekundu lenye drili mpya inayong'aa. Kung'aa iling'aa kweli. Kutoboa ndiko hakukuwa kazi yake: iliweza mbao laini, sabuni, na labda papai, kama limeiva.

Akampa fundi pole ya kazi, akamuuliza biti hiyo imo humo tangu lini.

"Tangu ninunue," fundi akasema huku akihema. "Mwaka wa sita huu. Aliitia muuzaji."

Miaka sita, jamani. Matundu yote aliyotoboa fundi yule, nyumba kwa nyumba, yalikuwa na unene mmoja. Bomba likiwa jembamba, alijaza saruji pembeni. Likiwa nene, alitoboa matundu kumi ya duara na kumalizia kwa nyundo, huku akimwambia mwenye nyumba kuwa huo ndio utaalamu. Leo kapata mteja mwenye vigae ghali asiyetaka utaalamu.

Mafuta nusura amkumbatie. Yeye alijua kitu ambacho fundi hakukijua, nacho ni chepesi. Biti ya drili ya nyundo haikazwi kwa ufunguo. Mkia wake una vijia. Unausukuma mdomoni mwa drili huku ukiuzungusha kidogo, mpaka useme kach. Kuitoa, unaivuta nyuma ile kola nyeusi iliyo mdomoni, na biti inakuja mkononi yenyewe bila ugomvi. Na ikiwa imo ndani ni lazima icheze kidogo, mbele na nyuma, maana kuna nyundo tumboni inayoipiga kisogoni. Biti inayocheza ni dalili ya afya.

Basi Mafuta akaishika biti, akaitikisa. Kacha, kacha. Akaushusha uso kama mganga aliyekuta mgonjwa amechelewa kuletwa.

"Umeisikia?"

"Nimesikia nini?"

"Koo limelegea, kaka. Inacheza. Hii imeshakufa, inangoja kuzikwa tu. Siku yoyote itakurukia usoni."

Akadondosha tone moja la mafuta kwenye drili, kwa heshima ya marehemu. Kisha akafungua sanduku jekundu polepole, na macho ya fundi yakaingia humo yasitoke. Fundi mwenyewe ndiye aliyependekeza wabadilishane. Mafuta alikataa mara mbili, ya tatu akakubali kwa masikitiko. Drili nzima ya nyundo, yenye utepe wa bluu mpinini, ikatumbukia guniani.

Kwa furaha ya kudhani amempunja mwenzake, fundi akamwongezea na habari: nyumba ya tatu toka kona yuko shemeji yake, mke wa marehemu kaka yake, mshonaji wa mapazia, naye ana lidrili likubwa zaidi aliloachiwa na mjomba wake.

Mafuta akasema atapita baadaye, akaenda kwanza kuchukua sanduku jingine jekundu na kunywa chai. Chai hiyo ndiyo iliyomponza.

Mama Pazia, kama walivyomwita wote, siku ile alikuwa na mzigo kifuani. Alikuwa ameshona mapazia ya madirisha kumi na mawili ya zahanati mpya, kwa kitambaa alichokinunua mwenyewe, na yalitakiwa yawe yametundikwa kabla ya Ijumaa mchana. La sivyo, kazi ingepewa fundi mwingine, ambaye alishafika na futi yake kupima. Na jana Jumatano, dirisha la kwanza tu, drili ya mjomba ilimwaga vigololi vya mdomoni. Inanguruma vizuri, inapiga vizuri, ila biti haishiki. Ukiisukuma inaingia, ukiivuta inatoka, kola uiguse usiiguse.

Alikwenda kwa shemeji yake kuazima. Fundi bomba hakuinua hata macho.

"Shemeji, mashine hii na mimi ni mwili mmoja," alimwambia. "Ikitoka, tumetoka wote. Na mimi nina kazi zangu."

Sasa leo Alhamisi shemeji huyohuyo akapita kwake na sanduku jekundu, kuringa. Akasimulia yote: mtu alivyokuja, alivyoitikisa biti, ilivyocheza, alivyomwonea huruma. Mama Pazia aliweka mkasi chini. Mjomba wake alimfundisha kutia na kutoa biti kabla mtu yeyote hajamfundisha kutia uzi kwenye sindano. Akauliza tu kama mtu huyo atapita na kwake. Shemeji akasema ameshamwelekeza, wala asimshukuru.

Alipobaki peke yake, Mama Pazia akachukua uzi mwekundu wa kushonea pindo, akauviringisha kwenye mkia wa biti, mzingo juu ya mzingo, akausukuma mdomoni mwa drili ya mjomba. Akatikisa. Kacha, kacha. Inacheza kama nzima, na haidondoki. Kisha akakaa kwenye cherehani akasubiri akiimba.

Mafuta aliingia na salamu ndefu. Akaomba maji, akasifu pindo, akasifu madirisha ambayo hajayaona. Halafu jicho likaangukia drili kubwa mezani, kana kwamba kwa bahati. Mama Pazia akaichomeka umeme, ikanguruma mpaka vifungo vikacheza kwenye kopo. Mafuta akasema huo ni mlio wa kuaga. Akaizima, akaitikisa biti. Moyo wake ukaruka. Uso wake ukafiwa.

"Dada yangu, sijui nikwambieje."

"Niambie tu, kaka. Nimeshazoea misiba."

"Imekufa."

Mama Pazia akajifuta jicho moja kwa ncha ya pazia. La pili alilihitaji, lilikuwa linatazama gunia. Aliposogezewa sanduku jekundu akalirudisha kwa upole, akasema kitu kipya kitamsahaulisha mjomba. Akauliza kilichomo guniani.

"Ah, hiyo ni maiti nyingine. Nakwenda kuitupa."

"Imekufa kabisa?"

"Kabisa."

"Basi nipe hiyo maiti ndogo, uchukue maiti kubwa. Ya mjomba kila nikiiona nalia. Hii nyingine sikuujua uhai wake, nitabania nayo mlango usipigwe na upepo."

Mafuta akafungua mdomo, na kwa mara ya kwanza ulimi wake ukakwama. Aseme haifai? Mlango unajua nini. Aseme ni nzima? Angekuwa ameyameza maneno yake mbele ya mwenye nyumba. Akaitazama drili ya mjomba, pana, nzito, yenye mlio wa lori. Msimamizi wa jengo jipya alikuwa anamngoja na drili saa tisa, na kwa hii angelipa maradufu. Tamaa ikamsukuma mgongoni. Wakabadilishana, na Mama Pazia akamsaidia hata kufunga gunia.

"Kaka, kabla hujaenda. Kitendawili."

"Tega."

"Mgeni wangu haingii mpaka asukumwe, akiingia hatulii, na hatoki mpaka mwenye nyumba avutwe kola."

Jibu Mafuta alikuwa nalo kwenye ncha ya ulimi. Lakini kulitoa ni kukiri kwamba anaijua drili, na kwamba biti kutotulia si ugonjwa. Akasema ameshindwa. Mama Pazia akadai mji, ndiyo kanuni.

"Sina mji wa kukupa, dada," akasema Mafuta, na mara hiyo moja siku ile alisema kweli. Miji yote aliyoijua alishafukuzwa humo.

Saa tisa alikuwa kwenye jengo. Msimamizi, mtu mnene mwenye viatu visivyo na vumbi, akamtaka atoboe mbele yake, ukuta wa zege, watu wote waone. Mafuta akajiweka sawa kama anapigwa picha, akabonyeza. Drili ikanguruma, vumbi likaruka, biti ikazama hadi nusu. Akatabasamu, akavuta.

Drili ikaja. Biti ikabaki ukutani, na mkiani zinaning'inia nyuzi nyekundu.

Fundi mmoja akaanguka juu ya mchanga kwa kicheko. Msimamizi akausogelea ukuta, akaushika uzi kwa vidole viwili.

"Hii drili yako ilivaa sweta?"

"Inacheza kidogo tu, bosi," Mafuta akasema.

"Inayocheza hivi imeshakufa, bwana. Hata mimi najua."

Hakumwacha aondoke mpaka ukuta wake uwe safi. Mafuta akaizungusha biti ile kwa vidole, robo kwa robo, huku mafundi wakimhesabia kwa sauti, na kikopo chake cha mafuta kikaisha pale pale.

Kesho yake asubuhi fundi bomba alifika zahanati jasho likimtoka. Drili inayong'aa ilikuwa imegusa ukuta wa mteja, ikatoa moshi na harufu ya plastiki, basi. Akamkuta shemeji yake juu ya ngazi, dirisha la saba, na mkononi mwake drili yenye utepe wa bluu.

"Shemeji, hiyo si yangu?"

"Yako si ilikufa? Mwenyewe ulihudhuria mazishi."

Fundi akatazama chini, akatazama juu. Akaomba aazimwe, nusu siku tu, mteja amekaa kitini anamngoja. Mama Pazia akamaliza tundu lake, akapuliza vumbi.

"Mashine hii na mimi ni mwili mmoja, shemeji. Ikitoka, tumetoka wote. Na mimi nina kazi zangu, madirisha matano. Shika ngazi."

Akaishika. Walipofika dirisha la kumi na mbili, saa sita ilikuwa bado, Mama Pazia akashuka, akamwambia akinge kiganja. Akaivuta kola nyuma kwa vidole viwili. Biti ikadondoka kiganjani mwa fundi, ya moto kidogo, nyepesi, kana kwamba haikuwahi kukataa kitu maishani.

Fundi bomba akaigeuza, akaviona vijia vya mkiani. Kisha akaanza kuhesabu kimoyomoyo nyumba zote za miaka sita, na midomo yake ikawa inacheza, mbele na nyuma.