Kuku Ndani ya Ukumbi wa Mikutano

Halmashauri ilitangaza, kwa kipaza sauti kilichofungwa juu ya gari, kwamba kuanzia mwezi wa saba hakuna kuku atakayeruhusiwa kutaga kiholela. Mfugaji mwenye kuku zaidi ya hamsini awe na leseni. Asiye nayo atafikishwa mahakamani, na maendeleo yataonekana.

Aliyeiandika sheria ndogo hiyo alikuwa Optatus, Ofisa Leseni, mtu mnyoofu ambaye hata nyumbani kwake alikula kwa ratiba. Aliiandika kwa siku nne, kwenye semina elekezi kule Kongwa, akaipenda kama mtoto wake wa kwanza.

Wa kwanza kufikiwa na maendeleo alikuwa mama Scolastika, mjane aliyefuga kuku mia mbili na kumi pembezoni mwa mji na kusomesha mabinti wawili kwa mayai yao. Aliomba leseni siku ileile ya tangazo. Akaambiwa alete barua ya ridhaa ya jirani. Jirani yake alikuwa kiwanja kitupu cha Halmashauri. Akaenda Halmashauri kuomba barua, akajibiwa kwa heshima zote kwamba Halmashauri haiwezi kuridhia ufugaji usio na leseni. Alirudi mara sita. Mara ya saba ni Optatus aliyemfuata, na mgambo wanne na lori.

"Shikamoo, mama," alisema. "Nimekuja kuwachukua kuku."

"Marahaba, mwanangu. Wamekosa nini?"

"Wao hawajakosa. Ni vielelezo."

Vielelezo vilitakiwa vifike mahakamani vikiwa hai, na Halmashauri haikuwa na banda. Mkurugenzi, bwana Meshack, akaamua viwekwe kwa muda kwenye ukumbi wa mikutano, ghorofa ya chini ya ofisi yake. Kesi ikaahirishwa, hakimu yuko likizo. Ikaahirishwa tena, faili halionekani. Wiki zikafika tisa. Baraza la madiwani lilikutana humohumo, na muhtasari ukaeleza kwamba akidi ilitimia na kwamba michango ilikuwa mingi, hasa kutoka viti vya nyuma. Mayai hayakuwemo kwenye hati ya mashtaka, hivyo Mkurugenzi alijitolea kuyahifadhi nyumbani kwake, kwenye kikaango.

Optatus hakulifurahia jambo hili. Kila asubuhi alipita mlangoni pa ukumbi, akaona pumba juu ya zulia, na roho ikamuuma bila kujua ni kifungu gani kilichovunjwa.

Siku ya kesi mama Scolastika alijitetea mwenyewe. Optatus alipomaliza ushahidi wake, mama aliomba amuulize maswali mawili.

"Mwanangu, sheria yako inasema shamba la kuku ni nini?"

Optatus alifungua kijitabu, akasoma kwa fahari: ni jengo lolote wanamolala kuku zaidi ya hamsini kwa siku saba mfululizo, bila kujali ni wa nani wala wamefikaje.

"Na kuku wangu wanalala wapi?"

Mwanasheria wa Halmashauri alikohoa. Akakohoa tena. Optatus aliusoma tena ule ukurasa, kisha akasema kweli kama alivyoapa: ukumbini, kwa wiki tisa, na leseni haipo. Aliposhuka kizimbani, mwili wake ulikuwa mwepesi.

Hakimu alimwachia huru mama Scolastika, akaamuru arudishiwe kuku wake kwa lori lilelile na apewe barua ya ridhaa jioni hiyohiyo. Kisha akaiagiza Halmashauri imchukulie hatua mfugaji asiye na leseni, yeyote awaye.

Kesho yake Mkurugenzi alikuta mlango mkuu wa jengo umepigwa kufuli na kuchorwa X kwa rangi nyekundu. Optatus alikuwa amesimama pembeni, kopo mkononi.

"Optatus, umenifungia ofisi?"

"Hapana, mheshimiwa. Nimefunga shamba la kuku."

Mkurugenzi alipumua kwa nguvu, akatazama foleni ya wananchi iliyoanza kutabasamu, halafu akauliza, kwa sauti ya chini, fomu za leseni zinapatikana wapi.

Optatus alimweleza kwamba zimo ndani, juu ya meza ya Mkurugenzi mwenyewe, tangu mwezi wa saba, zikisubiri saini yake.