Kijiji cha Sombe, Ghorofa ya Tatu

Jumatatu, 12 Mei

Madame Fernande amerudi kutoka Vietnam na kofia. Kofia ya majani, imepinda kama kifuniko kilichokaliwa. Nikamwuliza nani kamuuzia kitu kile, nimfuate. Akasema hakuuziwa. Ameitengeneza mwenyewe. Na alilipa ili aruhusiwe kuitengeneza.

Nilikaa chini.

Fernande ni jirani yangu, mlango kwa mlango, hapa Schaerbeek, Ubelgiji. Alizaliwa Katanga enzi za Wabelgiji na Kiswahili alikiokota jikoni kwao, mama yake akimtuma mpishi. Basi anajua kuamrisha tu: lete, funga, keti, angalia; mengine tunaongea kwa Kifaransa. Tunapendana hivyohivyo. Leo kaniambia, "Keti. Angalia picha." Nikaketi, nikaangalia.

Kumbe huko Vietnam kuna safari ya nusu siku. Wazungu wanapanda basi dogo asubuhi, mbele yao kiongozi na kibendera, wanapelekwa kwenye vijiji vya mafundi. Kijiji cha kwanza watu wote wanatengeneza ubani. Vijiti vyekundu vimeanikwa uwanjani, utadhani maua. Kijiji cha pili, kofia. Cha tatu, vyungu. Na kila wanapofika, mzungu anapewa kazi. Anachovya vijiti. Anashona. Anatia mikono kwenye udongo. Anatoka jasho, anapigwa picha, anashukuru.

Kuna picha ya bibi mmoja, mama wa kofia. Mzee kama mimi. Amekaa kwenye mkeka, mikono imetulia mapajani, anacheka. Pembeni yake Fernande ameinama anashona, ulimi nje.

Miaka yote hii naishi hapa nikipanda ngazi na magunia yangu peke yangu, na hakuna aliyeniambia kwamba watu hawa wanatamani kazi. Sijalala vizuri.

Jumanne, 13 Mei

Bon, niandike shida yangu ilivyo.

Jumamosi jamaa ya Guylain wanatoka Charleroi kuja kupiga hodi ya uchumba kwa ajili ya Hadassa wangu. Hadassa ni mjukuu wangu, ananiita Kambo, yaani bibi; nilimpokea mama yake alipofariki, akiwa bado anabebwa mgongoni. Mimi ndiye mama, mimi ndiye baba, mimi ndiye ukoo. Wakija wakala vibaya, watasema mtoto huyu hana watu. Nimeapa mbele ya kanisa zima kwamba watakula sombe iliyotwangwa nyumbani kwangu. Majani mabichi ya muhogo, kwenye kinu changu nilichotoka nacho Lubumbashi.

Sasa mkono wangu wa kuume umo ndani ya bandeji. Niliteleza kwenye ngazi za metro. Daktari amekataza kutwanga.

Kwa kawaida wamama wa kwaya wangekuja. Hawaji. Maman Myriam, présidente wao, amewakataza. Kosa langu ni kwamba siku ya Pasaka nilionja sombe yake nikasema ina ladha ya maji ya piscine, yale ya kuogelea. Aliniuliza mwenyewe! Ningesema nini?

Hadassa kasema, Kambo, tununue ile ya barafu, imeshatwangwa, kila mtu anakula hiyo. Nikamwuliza kama na mimi aliniokota kwenye friji. Akanibusu, akaenda kazini. Mtoto mzuri. Hajui maisha.

Usiku nikiwa nakunywa chai nikamkumbuka mama wa kofia, mikono mapajani.

Nikacheka peke yangu mpaka jirani wa chini akagonga.

Jumatano, 14 Mei

Nimemwambia Fernande kwamba hata mimi nina kijiji. Akauliza kiko wapi. Nikamwambia ghorofa ya tatu, anapita mbele ya mlango wangu kila siku. Nusu siku, vijiji vitatu: jikoni kijiji cha sombe, sebuleni kijiji cha samaki, kwenye meza ya ukorido kijiji cha mikate ya kukaanga. Waje na aproni. Akauliza bei. Nikasema bure, maana nilichotaka ni mikono yao. Fernande alitokwa machozi, akasema mimi nina moyo mkubwa. Kweli ninao.

Akaanza kunieleza jinsi mama wa kofia anavyofanya. Eti majani mazuri anayaficha chini ya kitanda, wageni anawapa yale yaliyotoboka, na nini sijui. Sikusikiliza sana. Nilikuwa nawaza kibendera. Nimefunga kitambaa chekundu kwenye mwiko wa bukari, ugali wetu. Kinapendeza.

Mchana nikakutana na Maman Myriam dukani Saint-Josse, ameshika ndizi. Kaniamkia kwa sauti ya asali. Pole na mkono, Maman Mwadi. Na hiyo sombe, nani atakutwangia? Nikamwambia asijali, nimeagiza wafanyakazi kutoka nje. Akaziweka ndizi chini. Akauliza kutoka nchi gani. Nikasema ni mambo ya Vietnam, atayasikia.

Nilimwacha na ndizi zake. Siku nzuri sana.

Ijumaa, 16 Mei

Ninaandika kwa mkono wa kushoto na kwa hasira.

Asubuhi walifika. Nilitegemea Fernande, Papa Staf mume wake, na rafiki zao Els na Hannes. Wakaja kumi na wawili! Darasa zima la ufinyanzi la Els. Wastaafu wote, viatu vya kupandia milima, kwa ngazi za ghorofa tatu. Nikamshukuru Mungu. Mikono ishirini na minne. Nikainua mwiko wangu, tukapita ukorido, tukaingia jikoni, kijiji cha kwanza.

Mshtuko wa kwanza: kila mmoja anatwanga mara chache tu. Anatwanga, anageuka apigwe picha, anasema ooh mabega, anampa mwenzake mchi, wenzake wanampigia makofi. Nimetwanga maisha yangu yote, sijapigiwa makofi hata mara moja.

Mshtuko wa pili: maswali. Hannes aliuliza kila pigo lina maana gani. Nikamjibu maana yake ni kupasua jani. Fernande akatafsiri, wote wakatikisa vichwa kama kanisani. Mwingine akauliza kijiji hiki kina umri gani. Nikasema tangu nihamie.

Lakini bon, kumi na wawili ni kumi na wawili. Mpaka karibu na mchana majani yalikuwa yametwangika, laini, kijani kibichi, harufu ya nyumbani. Samaki walikuwa wametolewa vichwa. Mikate ilikuwa imekaangwa, ingawa Papa Staf, aliyekaa kwa sababu ya goti, alitengeneza ya kwake yote kwa umbo la bata. Mimi muda huo nimekaa kwenye kiti, mikono mapajani. Nikasema moyoni, mama wa kofia, dada yangu, asante.

Els akaanza kulia juu ya kinu. Kasema mama yake alikuwa anaponda viazi hivyohivyo, amekumbuka mkono wake. Nikamvuta, nikamkumbatia, nikamwambia lia mutoto wangu, lia. Ana miaka sabini.

Ndipo ukaja mshtuko wenyewe. Wote kwa pamoja wakafungua mifuko. Wakatoa visanduku vya plastiki. Vyenye vifuniko!

Nikamwuliza Fernande ni nini. Akaniambia ndiyo desturi, kule Vietnam kila mtu anarudi na alichotengeneza. Kofia yake si niliiona? Yeye mwenyewe ndiye aliyewaambia waje na visanduku.

Nilitaka kusimama mlangoni na mwiko. Nawaapia nilikuwa nimeshainuka. Lakini Els alikuwa amekumbatia kisanduku chake kifuani, anasema atakiweka karibu na picha ya mama yake. Utamnyang'anya vipi mtu huyo? Nilimjazia zaidi.

Wakachota. Wakakwangua. Wakanishukuru mmoja mmoja, kwa mabusu. Samaki walikwenda, mikate ilikwenda. Nikawakimbilia ngazini, nikipiga kelele kwamba majani hayo yachemshwe sana, wasithubutu kula mabichi, yanadhuru. Fernande akawapigia amri kwa Kiflamand mpaka chini barabarani. Hilo analiweza.

Nimebaki na bata mmoja.

Nikamwuliza Fernande huyo mama wa kofia yeye anauza nini basi, kama wageni wanachukua kila kitu. Akasema lakini nilikuambia, mazuri yako chini ya kitanda. Nimeshtuka. Bibi mzima, na roho ngumu kiasi hicho.

Jumamosi, 17 Mei

Hadassa alikiona kinu kitupu asubuhi. Hakunigombeza, na hilo liliniumiza kuliko kugombezwa. Kasema, Kambo, wanakuja kwa ajili yangu, hawaji kwa ajili ya majani. Akaingia chumbani kuvaa. Nikasikia anapenga kamasi.

Nilisimama jikoni na bata yule kwenye sahani. Nikawaza: mtoto hana mama, leo hana hata chakula, na ni mimi niliyekigawa kwa mabusu.

Mlango ukagongwa. Maman Myriam. Nyuma yake kwaya nzima na sufuria mbili kubwa za kanisa, zile za harusi, moja wamama wanne wameishika. Hadassa ndiye aliyempigia simu. Maman Myriam akanitazama kutoka kitambaa cha kichwa hadi kandambili. "Mi nakuya juu ya mutoto. Haiko juu yako." Akaingia jikoni, akawasha moto bila kuniomba kiberiti.

Sombe ilikuwa ya barafu. Niliyaona mapakiti kwa macho yangu.

Jamaa ya Guylain wakafika wamevaa vizuri. Babu yao, Papa Mukendi, mzee wa maneno machache, akala. Akaongeza. Akaongeza tena. Kisha akaweka kijiko chini, akauliza sombe hii kaitwanga nani, maana hajala kama hii tangu atoke Likasi.

Hadassa anatazama meza. Kwaya yote inanitazama mimi. Nikafungua mdomo, lakini Maman Myriam akanitangulia.

Kasema, "Ni Maman Mwadi, na wafanyakazi wake kutoka nje."

Wamama wakacheka mpaka mmoja akatoka nje. Papa Mukendi hakuelewa, ila akasema nyumba yenye furaha namna hii, mtoto wake anafaa. Hodi yao imepokelewa. Hadassa akalia, Guylain akalia, mimi sikulia, lilikuwa jasho.

Usiku nilionja kilichobaki. Ilikuwa tamu. Sitaiandika tena sentensi hiyo.

Maman Myriam akiondoka aliniachia sufuria zote mbili. Kasema zimeungua chini, zisafishwe, zirudi kanisani Jumatano zikiwa zinang'aa, kuna harusi. Nikamwonyesha bandeji. Akasema niwaite watu wangu wa Vietnam.

Jumapili, 18 Mei

Nimeomba, nimekula, nimezitazama sufuria. Nyeusi. Mtu anaweza kulala ndani.

Alasiri Fernande kaja. Kasema wenzake wote wamechemsha, wamekula, hakuna aliyeugua. Els anasimulia kila mahali. Wanauliza kijiji kitafunguliwa tena lini. Halafu akanionyesha picha nyingine ya Vietnam: kijiji cha vyombo vya shaba, watu wanasugua na kupiga nyundo, wageni nao wanasugua, nyuso nyeusi, wanacheka.

Nilikaa chini.

Maman Myriam alidhani anatania.

Jumanne, basi. Kijiji cha sufuria. Mchanga na majivu nitatafuta mimi, kama tulivyosugua zamani kule mtoni, na Hannes nitampa maana ya kila msuguo. Hadassa kauliza kama nina hakika. Nimemwambia nimefikiria kila kitu. Sufuria ya kanisa haiingii kwenye kisanduku cha plastiki.

Fernande ameuliza kama safari hii waje na gari kubwa. Nimemwambia waje nalo. Papa Staf ana goti bovu.