Inchi Kumi za Mama Mkwe

Jumatatu, 8 Aprili 1957
Ushindi! Kanzu za kwaya ya watoto ni kazi yangu, si ya fundi mwenzangu Silvester. Bruda wa misheni ameleta jora la kitambaa cha amerikani, mita hamsini, akauliza kanzu moja inakula kiasi gani. Nikasema mita tatu, bila kupepesa. Hamsini gawanya kwa tatu: kumi na sita, baki mbili. Watoto ni kumi na sita. Baki ni la fundi, kama ilivyo desturi yetu mafundi. Bruda akaonya kwamba kanzu zikiharibika, kazi zote za misheni zitahamia kwa Silvester, anayeshonea baraza la pili. Silvester alisikia. Alijifanya anatunga uzi.

Siri yangu: kanzu hizi ni za yadi tatu! Bruda anapima kwa mita za kwao, sisi tunapima kwa yadi za dukani. Mita tatu ni inchi mia moja na kumi na nane. Yadi tatu, mia moja na nane. Inchi kumi kwa kila kanzu, mara kumi na sita: yadi nne na inchi kumi na sita. Gauni zima! Mama mkwe wangu kaitangazia Ipogolo yote kwamba binti yake kaolewa na fundi wa viraka. Pasaka hii atalivaa gauni hilo, atanyamaza.

Jumatano, 10 Aprili
Bruda kaja na fimbo yake ya mita, kakata mwenyewe vitambaa vyote kumi na sita. Sikumzuia. Kwa nini nichoke?

Alipoondoka nikapunguza inchi kumi kwa kila kimoja. Nikavipanga mezani nishone gauni. Gauni liko wapi? Vipande kumi na sita, kila kimoja kama kitambaa cha kufutia meza! Hesabu yangu haikusema kitu kuhusu vipande. Mke wangu Rozalia akauliza kama mama yake atakivaa hicho au atafutia sahani. Kavifua vyote, anasema vitafaa jikoni.

Jumatano, 17 Aprili
Kanzu zimekwisha, zimepelekwa kwa masista. Silvester kaja kuchungulia, akauliza kama niliiloweka ile amerikani kabla ya kushona. Wivu tu.

Jumamosi, 20 Aprili
Ee Mungu wangu! Masista wamezifua. Kanzu zilizofika vifundoni zimerudi, zimefupika, sasa ziko magotini. Bruda kazileta mwenyewe, uso mwekundu. Kasema ndiyo maana alikubali mita tatu, alijua zitafupika zikifuliwa. Kanipa hadi jua kuzama. Silvester keshafagia baraza lake.

Nilikaa chini. Rozalia alitoa kapu la vipande vyake vya jikoni, akaliweka mbele ya cherehani. Kanzu kumi na sita. Vipande kumi na sita! Kila kipande nakata katikati: nusu pindo la mbele, nusu pindo la nyuma. Kumi na sita gawanya kwa kumi na sita: moja, hakuna baki. Karibu nilie kwa furaha.

Jumapili ya Pasaka
Watoto waliingia kanisani kama malaika. Moyo wangu umerudi mahali pake. Bruda kanipa mkono, kanisifu kwa kuweka akiba ya pindo. Nikainamisha kichwa kwa unyenyekevu. Mama mkwe kawaambia majirani kwamba pindo pana ndio mtindo, na kwamba fundi ni mkwewe. Silvester hakunisalimu. Nimekula wali sahani mbili, na nimeishukuru kila punje.

Jumanne, 23 Aprili
Kazi nyingine ya misheni! Mapazia kumi ya bweni. Amerikani tena, mita arobaini. Nimesema kila pazia mita nne. Kumbe yadi nne zinatosha! Inchi kumi na tatu mara kumi, pamoja na zile mita mbili zangu za baki: gauni la mama mkwe, na kilemba juu. Kuloweka hakuna haja, pazia halitembei. Bruda anakuja kesho kukata mwenyewe. Nimemkaribisha.