Moto wa Bure kwa Mwalimu Sefania

Jumatatu, 6 Septemba 2004
Nimepata kazi. Bibi Rahabu, mjane wa Mwalimu Sefania wa kwaya, anataka mkanda wa kuonyesha Jumamosi, siku ya kuweka msalaba kaburini. Mimi ndiye niliyemrekodi marehemu akiimba Pasaka. Bibi amesema hajui kama ipo picha nyingine. Paskali wa Soni, mpinzani wangu, naye ana kamera, ila mikanda yake mikavu, haina madoido. Safari hii atanitambua.

Jumatano, 8 Septemba
Programu yangu ya kompyuta ya kutia moto, moshi na nyota kwenye video ni ya zamani, wengi wameshaiacha. Bahati yangu. Kwenye mtandao wanagawa bure madoido yaliyo tayari, unachagua na kubandika. Nimeshinda kwenye duka la intaneti la Hashimu, umeme umekatika mara tatu. Nimepata madoido mia mbili. Hashimu akauliza ya nini kwa mtu aliyekufa. Nimemsamehe.

Ijumaa, 10 Septemba
Nilitaka nuru ya mbinguni imzunguke Mwalimu. Nuru hamna, mioto ipo arobaini. Nimechagua wa dhahabu, unapanda polepole kutoka miguuni. Moshi kidogo, kwa heshima. Kompyuta ilijaa, nikafuta picha za awali. Mkanda mtupu sikuwa nao, nikarekodi juu ya ule ule wa Pasaka.

Jumamosi, 11 Septemba
Ukumbi wa usharika ulijaa. Mwalimu akaanza kuimba. Moto ukafika magotini, ukafika kifuani, ukafunika uso. Kimya. Nikadhani wamevutiwa. Mzee wa kanisa Tobia akaniuliza kwa upole, pale marehemu yuko wapi. Bibi Rahabu hakulia. Alisema mumewe aliimba miaka arobaini ili asifike huko. Akaomba niutoe moto tu, amwone uso. Nikaanza kukunja nyaya.

Jumapili, 12 Septemba
Baada ya ibada nikaenda kwake. Shikamoo yangu haikutoka vizuri. Nikamwambia ukweli, picha ya awali haipo tena. Akakaa na kanga mdomoni. Ndipo akaja Paskali na mkanda wake. Pasaka ile naye alirekodi, amesimama nyuma kabisa ndani ya kanisa. Mwalimu anaonekana mdogo kama punje ya maharage, lakini anaimba, na hana moto. Bibi akagusa kioo cha televisheni. Nilitoka nje nikalia. Paskali akanipa mkono. Bado simpendi.

Jumanne, 14 Septemba
Nimetafakari sana. Kosa nimeliona, ni rangi. Moto ungekuwa wa buluu wangeelewa. Hashimu ananipatia mkusanyo mwingine, bure, una radi na mafuriko. Latifa wa Mtae anaolewa Jumamosi, nami ndiye nitakayerekodi harusi. Nitaanza na radi ndogo. Mkanda mtupu sina, nitatumia ule ule wa Mwalimu.